Kameramani aliyetaka kusomea kemia

(Mliokosa maongezi yangu ya Jumamosi mmenijaza meseji, sasa naiweka yote hapa kama nilivyoongea. Picha za ukutani nimeziruka, nyingi zilikuwa zangu za kuchekesha watu tu.)

Haya jamani. Wazee wangu shikamooni, vijana mambo. Wa nyuma kule mnanisikia? Sogeeni mbele basi, viti vipo, mmekaa kama watu wanaovizia daladala ya mwisho.

Nianze na swali. Nani humu ndani ameshawahi kuambiwa na mwenye harusi "we shuti tu, si una kamera nzuri"? Mikono juu. Ona. Mpaka mzee Mbwana pale kanyoosha. Sasa leo nataka nimuongelee jamaa mmoja ambaye watu wanapenda kumtumia kama ushahidi wa maneno hayo hayo, wanasema si mnamuona yule Mfaransa, hakusomea sinema, hakuwa na taa, alibeba kamera mkononi akaingia barabarani na sinema ya dunia ikabadilika, kwa hiyo na sisi tubebe tu tuingie. Mimi nimekuja kuwaambia hiyo habari nusu yake ni kweli na nusu nyingine haisimuliwi, na hiyo isiyosimuliwa ndo yenye hela.

Jina lake Raoul Coutard. Hiyo d ya mwisho wenyewe hawaitamki, ni kama Kutar hivi. Amezaliwa Paris Septemba 1924, amefariki Novemba 2016 akiwa na miaka 92. Na huyu kijana, kabla ya kamera, kabla ya chochote, alikuwa anataka kusomea nini? Kemia. Ada ikamshinda, ndo akaangukia kwenye picha.

Kemia jamani. Lishikeni hilo neno, nitalirudia mpaka mchoke.

Mnajua kwa nini nalishikilia? Mimi nimeanza kazi Tanga, kwenye studio moja ya paspoti, nina miaka kumi na sita, kazi yangu ni chumba cha giza. Siku moja Januari, joto lile la Tanga mnalijua, nikachanganya dawa nikasafisha roli zima la wanafunzi waliokuja kupiga za mtihani, nikalitoa, nikaliweka kwenye mwanga, nyuso zote nyeusi tii. Roli zima. Mzee wa studio hakunipiga, akanipa shilingi akaniambia nenda kanunue barafu. Nikarudi na kale kamfuko ka nailoni ka barafu, akakaweka kaelee kwenye trei ya dawa, akachomeka kipimajoto, tukakaa kimya tunaangalia mpaka ishuke nyuzi ishirini. Akasema hapa ndipo picha inapopigwa, sio kule nje. Nilimuona mzee ana maneno mengi. Nimekuja kumuelewa miaka mingi baadaye niliposoma habari za huyu Mfaransa.

Twende sasa.

Mwaka 1945 Coutard anapelekwa Indochina na jeshi la Ufaransa. Indochina ndo Vietnam, Laos na Kambodia za leo. Ilibidi apite tu, akaishia kukaa karibu miaka kumi na moja. Akawa mpiga picha wa habari za jeshi, baadaye akawa anauza kwa majarida makubwa kama Paris Match. Picha za mnato hizo, sio video. Ninyi wa harusi, niambieni, bibi harusi akikosea kukata keki mnafanyaje? "Samahani dada, rudia kidogo." Si ndivyo? Vitani nani atakurudia? Askari anavuka mto, unaye au huna. Jua limeingia nyuma ya wingu, unapimia kwa jicho, mkono ushageuza lenzi kabla kichwa hakijajua. Miaka kumi na moja ya hivyo. Halafu mtu anakwambia huyu hakusoma!

Huko huko akajuana na Pierre Schoendoerffer, naye alikuwa kameramani wa jeshi, alitekwa Dien Bien Phu mwaka 1954 Wafaransa walipopigwa vibaya. Vita ikaisha, Schoendoerffer akapata dili ya kutengeneza filamu Afghanistan, akamwita rafiki yake. Coutard akajua anaenda kupiga picha za mnato za matangazo ya filamu, kazi yake ya siku zote. Kumbe yeye ndo kameramani mkuu. Hajawahi kushika kamera ya sinema kwa kazi ya namna hiyo, na filamu yenyewe ni ya rangi, ni ya skrini pana, milimani. Akaifanya. Ikatoka 1958, La Passe du diable. Prodyuza wake alikuwa Georges de Beauregard, na huyu mshikeni naye, maana mwaka uliofuata ndo alimbana kijana mmoja anaitwa Jean-Luc Godard, mwandishi wa jarida la sinema, hajawahi kutengeneza filamu ndefu, akamwambia filamu yako hii utafanya na Coutard. Godard alikuwa na mtu wake kichwani. Lakini hela ya nani?

Ndo ikaja À bout de souffle. Agosti 1959, mitaa ya Paris, siku 23 za kushuti. Waigizaji Jean-Paul Belmondo na Jean Seberg. Hapa hadithi mnazozijua zote ni za kweli, sibishi. Hela ya reli za kamera hakuna, wakachukua kiti cha magurudumu cha wagonjwa, Coutard akakaa na kamera kifuani, Godard mwenyewe dairekta anasukuma. Pale Champs-Élysées walitaka watu wa barabarani wasigeuke kuangalia lenzi, mnajua balaa hilo, ukisimama Kariakoo na kamera kila mtu anapunga mkono anamsalimia mama yake. Wakamficha Coutard ndani ya mkokoteni wa posta, kamera inachungulia kwenye tundu, wakamsukuma hivyo katikati ya umati huku Seberg anatembea anauza magazeti. Nani atashangaa mkokoteni wa posta?

Na kamera yenyewe, Cameflex, ndogo, unaibeba begani, ila inalia kama cherehani. Huwezi kurekodi sauti nayo. Sasa Godard akaona isiwe taabu, kama sauti haichukuliwi basi mimi naongea, kamera ikizunguka yeye yuko pembeni anawatajia waigizaji mistari yao papo hapo, wanaitamka, sauti inakuja kuwekwa baadaye studio. Mnacheka, lakini kuna wangapi hapa wanafanya hivyo hivyo Bongo muvi na hawajaitwa mafundi?

Sawa. Hiyo ndo nusu ya kwanza, ile inayosimuliwa. Sasa swali langu, na nataka mlifikirie kweli. Usiku je? Filamu ina matukio ya usiku mitaani, Godard hataki taa. Mwaka 1959 huna kamera ya kuongeza ISO, ule uwezo wa kuona gizani, kwa kidole. Mkanda wa sinema wa wakati ule wenye uwezo wa kuona usiku kwa taa za barabarani tu haukuwepo. Haukuwepo sokoni, hela unayo au huna. Kamera ndogo ingekusaidia nini? Kubeba mkononi kungekusaidia nini? Ungebeba giza.

Kemia, jamani.

Kulikuwa na mkanda wa picha za mnato, Ilford HPS, ile ya wapiga picha wa magazeti, kali kuliko zote. Coutard anaijua, ndo dunia yake. Tatizo, inauzwa kwenye viroli vya mita 17 na nusu. Pigeni hesabu na mimi, kwenye kamera ya sinema fremu 24 kwa sekunde, mita 17 na nusu inakwisha kwa sekunde kama 38. Thelathini na nane! Umesema "action", mtu kavuka barabara, kwisha. Wakakaa wakaunganisha kiroli kwa kiroli, wanagundisha, mpaka wapate roli linalotosha kamera. Na matundu ya pembeni ya filamu ya mnato hayalingani na ya sinema, zile kamera kubwa za studio zingelitafuna, ila Cameflex ikalikubali. Kumbe ile kamera haikuwa tu ya kubebeka! Alafu kazi haijaisha. Maabara wakaliingiza kwenye dawa maalumu, yenye kitu kinaitwa phenidone, ikasukuma uwezo wa filamu mara mbili, kutoka 400 mpaka 800. Na maabara za sinema hazipendi hayo, mashine zao zinameza maelfu ya mita kwa dawa moja, wewe unakuja na vipande vyako unataka zisimamishwe wabadilishe dawa kwa ajili yako. Ilibidi kubembeleza, ilibidi ujue unachoomba.

Kwa hiyo mkiangalia yale matukio ya usiku, ule mchangamchanga kwenye picha, zile taa za Paris zimevimba kidogo, nyuso za kijivu zinatokea gizani, watu wanaita "uhuru". Mimi naona trei ya dawa. Naona barafu inaelea.

Kuna kijana aliniuliza wiki iliyopita, ndugu, siku hizi dawa zipo wapi, kila kitu ni kadi. Mdogo wangu, fungua ile menyu ya kamera yako uniambie vitu vyote vilivyomo kimoja kimoja vinafanya nini. Ukimaliza tutaongea.

Haya, la pili, na hili ndo naliona kubwa kuliko la kwanza ingawa halina hadithi ya mkokoteni. Taa.

Kabla ya hawa watu, mwigizaji alikuwa anaangaziwa kama mtu wa paspoti. Taa moja ya uso, moja ya kujaza kivuli, moja ya nywele nyuma, chaki chini ya miguu, ukisogea nusu hatua umeingia gizani. Staa anakaa saa mbili anasubiri taa zipangwe. Coutard akaingia kwenye vyumba vya kweli, vyumba vidogo vya Paris, akachukua globu za wapiga picha, akazipanga kwa safu juu kabisa ya ukuta, zinaangalia dari. Sio mwigizaji, dari. Akibandika na karatasi ya foili inayong'aa huko juu. Mwanga unapiga dari unamwagika chini kila kona, laini, kama mchana wa mawingu. Sasa chumba kizima kimewaka, mwigizaji akitaka kukaa akae, akitaka kulala chini alale, kamera izunguke itakavyo, hakuna stendi ya taa itakayoonekana. Na dakika tano baadaye unashuti upande wa pili bila kugusa kitu.

Mnaelewa alichowapa? Aliwapa muda. Godard alikuwa anaandika mistari asubuhi ya siku ile ile, angeweza vipi kama kila kona inataka saa mbili? Mpaka walipopata hela ya studio, Une femme est une femme mwaka 1961, ya rangi, skrini pana, wakajenga nyumba ndani ya studio halafu wakaiwekea dari na kuta zisizotoka. Mafundi wa studio lazima waliwaona vichaa, maana studio faida yake ni kwamba unatoa ukuta unapotaka.

Mimi hili la dari nililigundua bila kumjua Coutard, na kwa aibu. Morogoro, sendoff, mwaka 2009, umeme umekatika saa mbili usiku, jenereta la ukumbi, kama kawaida, halina mafuta. Nikasema basi leo silipwi. Dereva wetu akaingiza Noah mpaka mlangoni akawasha full, mwanga ukaenda moja kwa moja usoni kwa bibi harusi mtarajiwa, kafumba macho, ana vivuli kama mtu aliyekamatwa na polisi. Mama mmoja mpishi, hana habari na kamera, akasema geuza gari hilo mnamuumiza mtoto. Dereva kageuza, taa zikapiga ukuta wa chokaa. Jamani. Ukumbi ukawa kama alfajiri. Zile ndo picha bora nimewahi kupiga na mpaka leo yule dada akiniona ananiita fundi, fundi ni yule mama.

Miaka ile ya sitini jamaa alifanya kazi kama mashine. Pamoja na dairekta François Truffaut alifanya Tirez sur le pianiste, Jules et Jim, La Peau douce. Na dairekta Jacques Demy akafanya Lola kule Nantes, madirisha yameungua meupe kabisa na kwa makusudi, nendeni mkaangalie, nyeupe ile ni nzuri mpaka inauma. Na Godard nyingi sana, Vivre sa vie, Le Mépris, Alphaville, Pierrot le fou, mpaka Week-end mwaka 1967, yenye ile foleni ya magari, kamera kwenye reli ndefu ya karibu mita 300 inatembea taratibu dakika kama nane kando ya barabara, honi zinapiga, watu wanarushiana mpira kati ya magari, mwisho wa foleni unakuta sababu yake, maiti pembeni ya lami. Yule yule wa kiti cha wagonjwa. Alipopewa reli akaitumia yote!

Baada ya hapo wakaachana. Godard akaenda kwenye siasa za mrengo wa kushoto kabisa, Mao na nini, na Coutard alikuwa mtu wa jeshi, mtu wa kulia, hakuficha. Yeye akaenda kwa dairekta Costa-Gavras kushuti Z, habari ya mwanasiasa wa Ugiriki aliyeuawa. Ugiriki kwenyewe makanali wa jeshi wameshika nchi, haiwezekani, wakashutia Algiers, Afrika hii hii, na filamu ikaingia Oscar kwa jina la Algeria ikashinda. Ukiangalia vizuri utamuona Coutard mwenyewe ndani, kaigiza daktari mpasuaji.

Na akawa dairekta. Akarudi Vietnam vita vya Wamarekani vinaendelea, akatengeneza Hoa-Binh, ikatoka mwaka 1970, habari ya mtoto wa Saigon na mdogo wake kwenye vita. Ikapata tuzo ya filamu ya kwanza kule kwenye tamasha la Cannes. Kila mtu akasema sasa kapata njia.

Hapa ndipo naomba ndugu zangu wa Congo wanisikilize, nawaona wawili watatu wa Lubumbashi pale. Mnaijua Kolwezi. Kiswahili chenu, madini ya shaba na kobalti, Mei 1978 waasi wanaingia mji, mamia ya watu wanakufa, weusi na weupe, halafu askari wa miavuli wa jeshi la kigeni la Ufaransa wanarushwa. Mnajua nani alitengeneza filamu ya tukio hilo, 1980? Coutard. La Légion saute sur Kolwezi. Na mnajua waliishutia wapi? Guyana ya Ufaransa, Amerika ya Kusini huko. Nimeitafuta nikaiangalia yote. Miavuli inashuka vizuri, hilo analijua. Lakini mji wenyewe haupo, mchimba madini na mama muuza muhogo wapo kama miti ya pembeni, macho yote yako kwa Wazungu wanaosubiri kuokolewa. Mtu aliyekaa na mtoto wa Saigon kwa ukaribu ule, alipofika kwetu hakuona mtu. Mimi nampenda huyu mzee, nimesafiri na filamu zake maisha yangu, ile nilizima laptop nikatoka nje nikakaa.

(Hapa ndugu mmoja wa Kolwezi alisimama akasema babake alikuwa mgodini siku zile na hajawahi kusikia kwamba kuna filamu. Ukumbi ulinyamaza kidogo. Nikamwambia nitamtumia, nimeshamtumia.)

Nimalizie na taa maana njaa imeanza, nasikia sufuria huko nyuma.

Mwaka 1978 walimpa César, ile tuzo ya sinema ya Ufaransa, kwa Le Crabe-Tambour, ya rafiki yake yule yule Schoendoerffer, wameshutia juu ya meli ya kivita, mawimbi na kijivu tupu. Halafu Godard akapiga simu, miaka zaidi ya kumi imepita. Akamwita kwenye Passion, 1982. Na mnajua filamu inahusu nini? Dairekta mmoja yuko studio anajaribu kutengeneza upya michoro maarufu ya wakubwa, Rembrandt, Goya, Delacroix, kwa watu hai waliosimama kama kwenye mchoro, na kila siku analalamika mwanga sio wenyewe. Mwanga sio wenyewe! Na aliyekuwa anauwasha ni Coutard, yule walisema hajui kazi ya studio, yule wa "shuti tu". Cannes wakampa tuzo ya ufundi. Nimeuangalia ule wa Rembrandt polepole, nikisimamisha, nikijaribu kuona taa ziko wapi, mpaka leo kuna moja sijaipata. Upande wa kushoto, juu. Kama kuna mtu hapa anaiona aniambie, nitamnunulia chakula.

Alishuti mpaka 2001, na Philippe Garrel, nyeusi na nyeupe, akiwa na miaka sabini na kitu.

Sasa tunaangalia Le Mépris ya 1963. Mwanzo wake hauna maandishi ya majina, majina yanasomwa kwa sauti. Mbali kule utaona kamera kubwa iko kwenye reli, dada anatembea anasoma kitabu, kamera inamfuata inakuja kwetu taratibu. Aliyekaa nyuma ya kamera ndo yeye. Ikifika karibu ataigeuza, ataiinamisha, na lenzi itawaangalia ninyi mlioko kwenye viti.

Bakari, zima hizo taa. Hiyo ya mlangoni pia. Hapana, ya mlangoni geuzia ukutani tu, iache.